Mvua ya Ndoo Kumi na Mbili

Fikirini Nantende, mwongozaji,
alizaliwa Newala, akaishi Newala,
na runinga iliandika jina lake "Nantembe"
wiki tatu mfululizo, saa tano na nusu usiku,
saa ambayo hata mbwa wa Luchingu wameshalala.

Mimi nilikuwa mshika maiki.
Maiki yenyewe tuliifunga kwenye mwanzi
kwa mpira wa baiskeli,
tukaivisha soksi ya mwanawe ili upepo usiseme.
Upepo wa Newala mbishi. Ulisema.
Sikiliza: chini ya kila neno la mapenzi
kuna mvumo, kama mgeni anayepiga hodi
na hakuna anayemkaribisha.

Alianza na harusi.
Huko ndiko alikojifunza kuusubiri uso:
"Usimpige akilia. Mpige akishamaliza."
Kisha ngoma za jando, zile za uwanjani;
zikifika za ndani alivua kofia, akaifunika lenzi,
bila kuambiwa.
Kisha filamu ya chandarua, ya shirika fulani,
dakika kumi na mbili, mbu wa karatasi.
Hiyo pekee ndiyo iliyomwezekea bati.

Halafu akauza korosho za msimu mzima,
kwa kangomba, kabla hata mnada haujaitishwa,
akasema, sasa tunatengeneza ya kwetu.
*Ghala Namba Tatu*: karani wa ushirika, mzani mwongo,
mjane anayehesabu kilo zake kwa vidole.
Mkewe, Somoe, hakumsemesha siku nane.
Ya tisa akauliza: huyo mjane anaigiza nani?
Akaigiza yeye.

Onyesho la ishirini na saba lilitaka mvua.
Ilikuwa Septemba. Newala, Septemba:
bomba linakohoa hewa tupu,
wanawake wanashuka bondeni alfajiri haijaanza,
wanapanda na ndoo moja jua likiwa utosini.
Akanunua ndoo kumi na mbili. Hakubishania bei.
Vijana wakapanda juu ya bati
na makopo yaliyotobolewa kwa misumari.
"Tayari?"
Tayari.
"Mvua!"

Sikuona kitu, nilikuwa naichunga maiki isilowe.
Ila nilisikia: ti, ti, ti,
maji yakigonga kitu kisicho udongo.
Wale waliouza maji
walikuwa wameyafuata.
Wamechutama nje ya picha, walipodhani ni nje,
na sufuria, na madishi, na mabeseni,
wanayakinga yakirudi.
Tazama chini, kushoto:
beseni la buluu lenye ufa
na mkono wenye bangili ya shaba.

Dar es Salaam, kijana wa kituo aliisimamisha picha,
akaigonga kwa kalamu. Kosa hili, mzee. Likatwe.
Fikirini alikunja pindo la suruali, akalikunjua.
"Mvua ya kwetu," akasema, "ndivyo inavyonyesha."
Wakarusha sehemu tatu kati ya saba.
Ya nne, yenye mvua, waliikalia
mpaka wakasahau walichokikalia.

Akarudi kwenye harusi.
Akafungua chumba karibu na stendi, picha za pasipoti,
pazia jekundu, kitana cha kuazima.
Ukimwita "dairekta" aligeuka haraka mno.
Nikaacha kumwita hivyo.

Tulimzika Alhamisi. Makaburini
mtu aliniuliza kama kamera inauzwa.

Kanda ninazo mimi, nimezihamishia kwenye kompyuta,
na watu wanakuja, siwaiti.
Hawaulizi habari za karani wala mzani.
Rudisha nyuma, wanasema. Kidogo tena. Hapo. Simamisha.
Jana alikuja mwanamume wa makamo kutoka Kitangari,
akaweka kidole juu ya kioo, juu ya bangili,
akakiacha pale mpaka kioo kikapata ukungu.
"Hatuna picha yake nyingine," alisema.

Nilimwambia mjane alilipwa kilo zake zote,
sehemu ya saba, mwishoni kabisa, na mzani ukavunjwa.
Akaitikia kwa adabu.
Akaomba nirudishe tena kwenye mvua.